Mstari Nilioruka kwenye Karatasi ya Nyumba

Chukua mchanga wa mto mkononi, ufinye, kisha uuachie. Kiganja kikibaki na tope, usijengee mchanga huo mpaka uoshwe. Hilo ndilo somo la kwanza nililofundishwa na mjomba wangu Mwadime, fundi wa mawe kutoka Chawia, aliyenichukua Voi niwe saidia fundi wake mwanzoni mwa miaka ya hamsini. Nilikuwa nimemaliza shule ya msingi na karo ya kuendelea haikupatikana. Nimeshika mwiko tangu wakati huo mpaka magoti yalipokataa kupanda ngazi, na sasa nimekaa, naandika. Naandika polepole, kama nilivyoandika shuleni, kwa hiyo mnivumilie.

Wajukuu na vijana niliowafundisha kazi huja kwangu na karatasi za mikopo ya nyumba. Wananiuliza msingi uende chini futi ngapi na mabati ya geji gani yanafaa kwa upepo wa Voi. Karatasi wameikunja mfukoni. Mimi nawaambia wakae, waitoe, tuanze na hiyo. Wanaona mzee amechanganyikiwa. Basi nitaeleza kwa nini.

Nilikuwa kijana mwenye haya nyingi. Wiki yangu ya kwanza Voi, mjomba alinituma duka la vifaa vya ujenzi nikalete ratili mbili za misumari. Karani wa duka, mtu wa Mombasa aliyeitwa Salim, akaniuliza, "Ya mbao au ya mabati, mwanangu?" Sikujua. Ningeweza kusema sijui. Nikatazama viatu vyangu, nikasema, "Yote." Akanifungia yote. Mjomba alipofungua kifurushi alikaa juu ya jiwe akacheka mpaka akakohoa.

"Mghanga, unaoa misumari? Hii ni mahari ya watu wangapi?"

"Aliniuliza, nikaona…"

"Ukaona haya. Sasa rudi, umwambie hukujua. Haya hailipi misumari."

Nilirudi. Salim alinipokea bila kunicheka, akanionyesha kichwa cha msumari wa mabati kilivyo kipana kuliko wa mbao. Tangu siku hiyo sijakosea misumari. Kama ningebaki na fundisho hilo moja, nisingekuwa na haja ya kuandika haya yote.

Kazi ya mawe wakati ule haikuwa kama yenu. Mawe ya kwetu ni magumu, yanakataa patasi. Mjomba alikuwa analizunguka jiwe kama mtu anayenunua ng'ombe, analigonga hapa na pale, anasikiliza, kisha anapiga pigo moja na linapasuka mahali alipotaka. Mimi nilipiga hamsini nikapata kokoto. Ukuta wangu wa kwanza aliutazama kwa mbali akasema ni mzuri, kisha akateremsha timazi akaniambia niubomoe kabla jua halijazama. "Mpita njia utampendeza," alisema. "Mwenye kulala ndani utamwua." Simiti ilipokauka alitaka imwagiwe maji siku saba, asubuhi na jioni, na Voi ile maji yalinunuliwa kwa debe. Wenye nyumba walilalamika. Yeye aliwaambia simiti isiyonyweshwa inakunywa nguvu zake yenyewe.

Alikuwa amejengea watu nyumba miaka kumi na tano, na yeye na mke wake, Mama Wakesho, walikuwa wanapanga chumba kimoja chenye bati lililotoboka. Mvua ikinyesha, Mama Wakesho alipanga sufuria sakafuni. Alikuwa na maneno machache yenye ncha. "Fundi wangu amejenga Voi yote," alikuwa akisema, "amebakiza kichwa changu."

Basi mjomba alipata ploti. Alikuwa na karatasi yake, na alikuwa na mikono yake, na alikuwa na mimi. Kilichokosekana ni simiti, mbao, mabati, milango na madirisha. Mwenye duka, tajiri wa Salim, alikubali kumpa vitu vyote vya shilingi elfu mbili mia nne, na karatasi ya ploti pamoja na nyumba itakayosimama juu yake vikae rehani dukani mpaka deni liishe.

Hapa lazima nieleze rehani ya kwetu milimani, maana ndiyo iliyotuponza. Kule Chawia, mtu akiwa na shida aliweza kuweka shamba lake kwa jirani kwa mbuzi, tuseme sita. Jirani analima shamba na kula mavuno. Siku ukipata mbuzi sita, hata ikiwa baada ya miaka ishirini, hata ikiwa ni mwanao anayelipa baada ya wewe kufa, unawapeleka na mashahidi wawili, mnazunguka mipaka pamoja, mnakula, na shamba limerudi. Mbuzi sita walibaki sita. Deni lilikuwa linalala usingizi pale ulipoliacha.

Mjomba aliijua rehani hiyo tu. Babu yake aliwahi kukomboa shamba namna hiyo. Kwa hiyo alipolieleza jambo la duka nyumbani, alilieleza kwa maneno ya mlimani. Tutachukua vitu vya elfu mbili mia nne, tutarudisha elfu mbili mia nne, kidogo kidogo. Vyumba vinne: viwili vyetu, viwili vya kupangisha kwa shilingi kumi na tano kila kimoja. Hiyo ni thelathini kwa mwezi, inakwenda dukani. "Nyumba itajilipa yenyewe," alisema. "Sisi tutakaa tu."

Mama Wakesho alikuwa anachambua maharagwe. Hakuinua kichwa.

"Mwenye shamba la rehani anakula mahindi," alisema. "Huyu mwenye duka anakula nini?"

"Anakula faida ya vitu vyake, alivyoniuzia."

"Hiyo ameshakula siku ya kuuza. Nauliza miaka yote hiyo ya kungoja, anakula nini?"

"Mama Wakesho, Mghanga amesoma. Atakwenda nami kusoma karatasi."

Mimi nilikuwa pembeni na kalamu ya seremala. Nilikuwa nimegawanya elfu mbili mia nne kwa thelathini juu ya mfuko mtupu wa simiti. Miezi themanini. Miaka sita na miezi minane. Hesabu ilitoka bila baki, nami nikajiona mtu.

Tukaenda dukani. Karatasi ilikuwa ya Kiingereza, ukurasa mmoja na nusu. Nilisoma majina, ploti, kiasi, thelathini kila mwezi. Chini kulikuwa na mstari mrefu ambao maneno yake niliyajua moja moja, lakini yote pamoja hayakuniambia kitu. Ulitaja moja kwa mia, kila mwezi, na kitu kinachobaki. Nilisimama hapo kidole kikiwa juu ya mstari. Mjomba alikuwa amekwisha kumwambia Salim mbele ya wateja watatu, "Huyu mpwa wangu amesoma, hakuna kitu kitakachompita."

Salim alikuwa mtu wa taratibu. Alisema, "Fundi, sikiliza, nawe mwanangu sikiliza. Hapa pana riba. Kila mwezi, katika kila shilingi mia iliyobakia, moja yaongezeka. Basi mwezi wa kwanza ukileta thelathini, ishirini na nne ni ya riba. Sita ndiyo yapunguza deni. Ukiweza kuleta arobaini, jikaze ulete arobaini. Kumi ile ni ndogo, lakini yote yaenda kula deni. Mmefahamu?"

Mjomba alinitazama mimi. Kiswahili cha Salim kilikuwa cha pwani, chepesi na cha haraka, na mjomba, ambaye lugha yake ilikuwa Kidawida, alikuwa amezoea kukifuata kwa nusu. Alikuwa ananingoja nimwambie.

Mimi sikuwa nimefahamu. Sita kutoka wapi, wakati tunalipa thelathini? Nilitaka kuuliza. Watu watatu walikuwa wananitazama, na mmoja alikuwa ameshika msumari anauchokolea meno. Nikatazama viatu vyangu.

"Nimeelewa," nikasema.

"Umeelewa sawasawa?" akauliza Salim tena.

"Sawasawa."

Mjomba akaweka kidole gumba kwenye wino.

Ile nyumba ndiyo kazi bora niliyowahi kufanya, na nilikuwa saidia fundi tu. Jumapili baada ya kanisa na jioni baada ya kazi za watu, tuliijenga. Mama Wakesho aliinywesha kuta maji siku saba, akiteka mwenyewe. Juu ya mlango, kwenye linta, mjomba alipiga lipu mraba mmoja laini kuliko ukuta wote, ukubwa wa kitabu cha shule. Mafundi tulikuwa na desturi ya kuandika mwaka hapo kwa ncha ya mwiko. Yeye hakuandika.

"Mwaka wa kumaliza kujenga ni wa fundi," aliniambia. "Nitaandika mwaka wa kukomboa. Huo ni wa mwenye nyumba."

Tuliishi vizuri. Wapangaji walikuwa mtu wa reli na mwalimu, walipa wazuri. Kila mwezi nilipeleka thelathini, Salim aliandika kwenye daftari lake na kutupa kipande cha risiti. Mimi risiti hizo nilikuwa nazihesabu tu, sikuzisoma. Niliweka alama moja ya mkaa ukutani, ndani ya chumba changu, kwa kila mwezi. Kila risiti ilikuwa na namba ya thelathini, na chini yake namba nyingine ndogo, iliyokuwa inapungua kwa mwendo wa kinyonga. Kama ningezitazama mbili tu, moja baada ya nyingine, ningejua. Vijana, someni risiti ya pili. Ya kwanza haiwezi kuwaambia kitu.

Tena mara mbili tatu, mjomba akiwa na kazi kubwa, alikuwa na akiba. Angeweza kutoa kumi zaidi, au ishirini. Alinunua baiskeli. Simlaumu. Kwa hesabu yangu ya mfuko wa simiti hakukuwa na haraka yoyote.

Alama ya mkaa ya themanini ilipofika, mjomba alipanda Chawia akarudi na wazee wawili kuwa mashahidi. Mbuzi alimnunua kwa mtu wa Makwasinyi, beberu mweupe mwenye dharau. Alivaa koti. Mama Wakesho alivaa kitambaa kipya. Tukatembea barabarani kwenda dukani, watu watano na beberu, kwenda kukomboa nyumba kama shamba linavyokombolewa. Watu walituuliza ni harusi ya nani.

Salim alikuwa nyuma ya meza. Beberu aliingia wa kwanza akaanza kutafuna kona ya gunia.

"Fundi, karibu. Huyu ni wa kuuza?"

"Ni wa kula pamoja nanyi," mjomba alisema. Akaweka thelathini ya mwisho mezani, noti na sarafu, akizipanga kama matofali. "Hii ni ya themanini. Hawa ni mashahidi wangu. Nimekuja kuchukua karatasi yangu. Na kama tajiri ana nafasi, twende tuzunguke ploti."

Salim aliitazama pesa, akawatazama wazee, kisha akanitazama mimi. Alifungua daftari taratibu sana, kama mtu asiyetaka kufika kwenye ukurasa.

"Fundi," alisema, "deni lililobakia ni elfu moja mia sita na sabini."

Mzee Mwamburi, mmoja wa wale mashahidi, aliuliza, "Ya nani?"

Salim alieleza upya, maneno yale yale ya siku ya kwanza. Katika elfu mbili mia nne tuliyoleta, mia saba na thelathini tu ndiyo iliyokuwa imepunguza deni. Zilizobaki zote zilikuwa zimeliwa njiani. Kwa thelathini zile zile tungeendelea karibu miaka saba mingine, na mwishoni tungekuwa tumelipa zaidi ya maradufu ya vitu tulivyochukua. Kisha akavuta kiti karibu, akasema kwa sauti ya chini, "Lakini lete arobaini tangu mwezi ujao, kwa miaka minne na nusu utakuwa umemaliza. Nitakuandikia mwenyewe. Nyumba bado ni yako, Fundi. Usikate tamaa."

Mjomba hakuwa anamsikiliza. Alinigeukia. Alizungumza Kidawida, ili duka lisisikie.

"Siku ile, mstari wa riba ulikuwepo?"

Nilikuwa mtu mzima sasa. Nilikuwa fundi kamili, nilikuwa nimechumbia. Ningesema: ulikuwepo, sikuuelewa, niliona haya. Maneno manne. Angenitukana, pengine angenipiga mbele ya wazee, kisha angelipa arobaini, maana alikuwa mtu wa kulipa.

"Sikuuona," nikasema. "Labda waliuongeza baadaye."

Basi. Mjomba alizichukua zile thelathini mezani, akazirudisha mfukoni. Akamwambia Salim kwa Kiswahili, "Nimemaliza deni langu mbele ya mashahidi. Mengine mliyoyaandika usiku, mjilipe wenyewe." Akamshika beberu pembe akatoka. Salim aliniita, "Mwanangu." Mara moja tu. Mimi nilitoka pia.

Hakulipa tena hata senti. Barua za duka zilikuja, na nani wa kuzisoma? Nilizisoma zote bila kuruka neno. Nilikuwa nimejifunza kusoma wakati ambao hakuna aliyetaka kusikia. Kila barua ilikuwa na namba kubwa kuliko iliyotangulia, maana riba haijui kama umekasirika. Mjomba alikuwa anasikiliza mpaka mwisho, kisha anasema, "Wezi," na kwenda kazini. Nilikuwa na nafasi kila barua. Nilikuwa na nafasi kumi na moja.

Nyumba iliuzwa kabla miaka ya hamsini haijaisha. Mnunuzi alilipa vizuri, maana kuta zile hazikuwa na ufa. Duka lilikata chake, na zilizobaki, mia saba na kitu, mjomba alipewa mkononi. Mtu aliyekuwa anahesabu mawe mpaka ya kokoto alizitia mfukoni bila kuzihesabu. Walipanda Chawia na vitanda viwili na baiskeli. Sufuria za kutega mvua Mama Wakesho alizibeba kichwani mwenyewe.

Mpaka alipokufa, mjomba alimsimulia kila mtu jinsi karani wa Voi alivyomwongezea mstari. Watu wa kwetu wakishuka Voi walikuwa wanamwonyesha Salim kwa kidevu. Yeye aliendelea kutusalimia. Nilipopata ujasiri wa kwenda dukani, nilikuta karani mwingine. Salim alikuwa amerudi kwao Mombasa na hakuna aliyejua mtaa. Kama kuna mtu wake anayesoma haya, ajue kwamba alieleza vizuri, mara mbili, na alituambia tulete arobaini.

Sasa mtaniambia mambo yamebadilika. Yamebadilika kama simiti ilivyobadilika mfuko. Mkopeshaji bado anakula wakati unaongoja, na kadiri unavyolipa kidogo kidogo ndivyo anavyokula muda mrefu. Usiulize tu kwa mwezi ni ngapi. Uliza mpaka mwisho ni ngapi jumla, na ukiongeza kidogo itapungua ngapi. Shilingi kumi zile, kwa hesabu niliyokuja kuifanya nikiwa mzee, zilikuwa na thamani ya karibu miaka sita, na zaidi ya elfu moja. Tulinunua baiskeli.

Mama Wakesho aliishi miaka mingi baada ya mjomba. Mara ya mwisho nilipomtembelea alikuwa haoni vizuri, amekaa jikoni, anachambua maharagwe kwa vidole. Nilikuwa nimekwenda kumtengenezea jiko. Nikiwa nimepiga magoti nimempa mgongo, nilimwambia.

"Mstari ule niliuona. Siku ya kwanza."

Maharagwe yaliendelea kuanguka kwenye ungo.

"Najua," alisema. "Siku ya beberu nilikuwa nyuma yako. Mjomba wako alikuwa anakutazama usoni, mimi nilikuwa naona unatazama viatu."

"Mbona hukumwambia?"

"Alikupenda kuliko ile nyumba, Mghanga. Ningemwachia nini?"

Nilimaliza jiko. Lilikuwa limenyooka.

Nyumba ya Voi ipo hata leo. Miaka michache kabla sijastaafu, mwenye nayo wa sasa aliniita nipige lipu upya upande wa mbele, hakujua mimi ni nani. Nilibandua lipu ya zamani yote isipokuwa ule mraba wa juu ya mlango. Aliniambia, "Mzee, hapo pametulia, niandikie jina langu." Nilikuwa juu ya ngazi na mwiko mkononi. Nilimwambia sijui kuandika.